Kikohozi Kwenye Shamba la Wajane

Mtaa wa Sogea, Tunduma
16 Februari 2025

Shangazi yangu wa pekee,

Shikamoo. Naiandika tena, shikamoo, maana ile ya kwanza mkono ulikuwa unacheza kwa furaha na imekaa upande. Naamini wewe na mama zangu wote hapo shambani mmeamka salama, na kwamba goti la Bibi Nesta limepumzika tangu lilipocheza harusini kwangu kuliko magoti ya wasichana. Sisi huku ni wazima. Nimeandika "sisi", Shangazi. Kila nikiliandika neno hilo naweka kalamu chini kidogo nilitazame.

Ambakisye anakusalimu sana. Nikianza kumsimulia sitamaliza, lakini acha nianze. Kila asubuhi kabla hajaenda ofisini kwao, pale wanaposhughulikia karatasi za malori yanayovuka kwenda Zambia, ananichotea maji ya kuoga. Nilimkataza. Nikamwambia majirani watasema nimemroga. Akasema waache waseme, na kama kweli ni dawa basi nimwongezee. Juzi alivuka mpaka kwenda Nakonde akarudi na samaki wakavu wamefungwa kwenye gazeti, na katikati ya samaki ameficha hereni. Zinanuka samaki mpaka leo, na sizivui. Mama mmoja wa Nakonde anayeuza vitenge jirani yetu amenifundisha kusema natotela, yaani asante kwa Kibemba, nami namwambia Ambakisye natotela kwa kila kitu mpaka anaziba masikio.

Jumapili iliyopita tulikwenda Mlowo kuwasalimu wakwe zangu. Ulinionya kwamba Wandali wa Ileje wanashika mila ya mkwe kuliko sisi Wanyiha, nikadhani unanitania. Mkamwana hakutani uso kwa uso na baba mkwe, hatamki jina lake, haingii alipo yeye, wala yeye haingii alipo mkamwana. Mchungaji amewaambia mara nyingi kwamba mambo hayo yamepitwa, na yule mzee hujibu kwamba heshima haina tarehe ya kuisha. Basi nilikuwa nyuma ya nyumba naosha masufuria, nikasikia kikohozi. Nilijitupa nyuma ya tanki la maji, sufuria mkononi. Nikachungulia. Kumbe naye alikuwa amenisikia, mzee wa watu amejibanza kwenye ua wa mabua, kofia imenasa kwenye kijiti. Tukakaa hivyo, kila mmoja amejificha akimsubiri mwenzake aondoke kwanza, mpaka mama mkwe akaja kutuamua kama mtu anayeamua majogoo. Baba yake Ambakisye ninamjua kwa kikohozi, kofia na mgongo tu. Hata kwenye picha za harusi amegeuka.

Sasa, Shangazi, kuna jambo. Pale stendi ya Mlowo niliwasikia wanawake wakisema kwamba Shamba la Wajane linakodishwa kwa mtu wa yadi ya malori, kahawa ing'olewe, na ninyi mhamishiwe vyumba vya nyuma ya kanisa. Nikawaambia haiwezekani. Marehemu mzee Yesaya aliliacha shamba lile wakfu kwa wajane wa usharika na watoto wanaowalea, na wadhamini waliapa mbele ya madhabahu kwamba watalitunza. Wakanitazama kwa huruma.

Mimi nililetwa hapo mama alipofariki. Nimekulia chini ya miti ile mpaka nikamaliza sekondari. Kama mimi sistahili kuambiwa, nani anastahili? Najua simu umeikataa tangu ujumbe wako wa sauti ulipochezwa kwenye mazoezi ya kwaya, kwaya nzima ikicheka. Basi andika. Mpe barua Wiliam wa duka la mbegu, naye atampa dereva wa Kosta ya Tunduma.

Mwanao mwenye furaha kupita kiasi,
Jenista

*

Shamba la Wajane, Mlowo
23 Machi 2025

Mwanangu Jenista,

Marahaba, zote mbili. Barua yako ilikaa dukani kwa Wiliam katikati ya magunia mpaka mvua ilipopungua, ndiyo maana majibu yanachelewa na karatasi inanuka dawa ya mahindi. Sisi hatujambo. Nesta anasema goti lake ni zima, linauma tu pakiwa na vyombo vya kuosha. Kule kwetu Hasamba mahindi yamesimama vizuri na kaka zangu wanakusalimu.

Mwanaume anayechota maji usimkataze. Majirani wakisema, wape na wao ndoo wawapelekee waume zao.

Habari za stendi ni za kweli. Sikukuandikia kwa sababu ulikuwa unaandaa harusi, na bibi harusi hapewi mizigo miwili. Wadhamini waliamua kulikodisha shamba. Sisi tulipata habari siku Mwenyekiti wao alipokuja na kamba ya kupimia. Tukaenda mahakamani Mbeya. Tulimshtaki Mwenyekiti kwa jina lake, maana ndiye tuliyemwona ameshika kamba. Siku ya kesi wakili wao akasimama akasema mwenye ardhi si mtu, ni Bodi ya Wadhamini iliyosajiliwa, na huwezi kumshtaki mtu kwa kitu ambacho si chake. Jaji akakubaliana naye. Shauri likaondolewa kabla hata mmoja wetu hajafungua mdomo. Njiani kurudi Nesta akauliza hiyo Bodi inakaa nyumba gani, ili safari ijayo tukaipigie hodi yenyewe.

Hatujashindwa. Tumeambiwa tunaweza kurudi tukiwa na jina sahihi. Tumempata wakili, binti mmoja anaitwa Recho, anatusaidia bila kutudai.

Kuhusu huyo Mwenyekiti usiniulize mengi. Wadhamini wanachaguliwa huko jimboni, mbali na sisi. Wewe una ndoa changa, na ndoa changa ni kama mche wa kahawa, mwaka wa kwanza unataka kivuli.

Shangazi yako,
Ketrina

*

Mtaa wa Sogea, Tunduma
13 Aprili 2025

Shangazi yangu,

Shikamoo. Natumaini barua hii inawakuta wazima wote, na kwamba ng'ombe amezaa salama. Huku tumepata mvua iliyogeuza barabara yetu kuwa mto, na Ambakisye alinibeba mgongoni kutoka kwa fundi cherehani mpaka mlangoni, watu wakitazama. Nilifumba macho ili nisiwaone wakiniona. Nakuambia hili kwanza ili ujue kwamba kilichofuata hakikutoka kwenye nyumba yenye ubaridi.

Nilimsomea barua yako wakati wa chakula. Nilipofika kwenye neno Mwenyekiti aliacha kula. Nikasoma mpaka mwisho, nikamuuliza kama ugali umeharibika. Akanawa mikono, akasema, "Jenista, Mwenyekiti ni baba."

Wewe ulijua. Naye mzee alijua. Mimi nilikuwa nafanya kazi dukani huku Tunduma alipochaguliwa, sikujua ni mdhamini wa nini. Lakini ninyi wawili siku ya harusi yangu mlikaa meza moja, mkala keki moja, nami nikalia kwa furaha nikidhani koo mbili zimeungana, kumbe mahakamani kuna faili lenye majina yenu, moja juu na jingine chini. Kwa nini hukuniambia? Siulizi kwa hasira. Nauliza kwa sababu sijui usiku nimwombee nani ashinde.

Ambakisye amenieleza upande wa baba yake, na ninakuandikia bila kupunguza kwa sababu ulinifundisha hivyo. Anasema kahawa imezeeka na wajane mmezeeka nayo, nusu ya shamba ni majani. Yadi ya malori ingelipa, na malipo hayo yangejenga zahanati ya usharika. Dada yake Ambakisye, Tumpale, alifariki akijifungua njiani, wakiwa wamembeba kuteremka milima ya Ileje. Yule mzee alikuwa ameshika mguu mmoja wa machela. Tangu siku hiyo akiona pesa au kiwanja anaona zahanati. Ambakisye alinieleza hayo akikusanya vyombo.

Nikamuuliza yeye yuko upande gani. Akasema amekuwa kama geti la mpaka, kila upande unadhani umefungiwa wenyewe. Tukalala kila mtu ametazama ukuta wake. Asubuhi maji ya kuoga yalikuwepo, lakini yeye alikuwa ameshaondoka.

Mwezi wa sita mnaanza kuchuma. Nitakuja kwa ajili ya kikapu cha kwanza, kama kila msichana aliyelelewa hapo. Au unanikataza?

Mwanao,
Jenista

*

Shamba la Wajane, Mlowo
18 Mei 2025

Mwanangu,

Marahaba. Ng'ombe amezaa dume, Nesta amempa jina la wakili wa Bodi kwa sababu anapiga kelele bila kutoa maziwa. Wengine wote hatujambo. Nimekuwekea chumvi ya Ivuna, ile ya mawe uipendayo, kwenye kopo la bluu.

Umeuliza kwa nini sikukuambia. Siku ya harusi yako nilipofika mezani, Mzee Andongwisye alinivutia kiti. Naandika jina lake kwa sababu mimi si mkamwana wake. Nami nikamsogezea soda. Hatukusema neno, lakini tulielewana kwamba watoto kwanza, mahakama baadaye. Kama ulitaka mmoja wetu alivunje hilo, basi unilaumu mimi, yeye usimlaumu.

Habari za binti yake sikuwa nazijua. Nimezitafakari sana.

Shauri tumelifungua upya, safari hii tumeishtaki Bodi. Wakili Recho ameomba na zuio, ili shamba lisiguswe mpaka shauri liishe. Tumepangiwa kusikilizwa Mbeya mwezi wa sita, nami na wenzangu wawili tutakwenda, tutalala kwa binamu yangu Rozi. Nyumbani atabaki Nesta na wale wasioweza kusafiri.

Kuhusu kikapu cha kwanza, usije mwaka huu. Kaa na mumeo. Tutakuchumia sisi.

Shangazi yako,
Ketrina

*

Mezani kwako, Shamba la Wajane
19 Juni 2025

Shangazi yangu,

Shikamoo, popote ulipo huko Mbeya. Barua hii nakuachia chini ya kopo la chumvi kwa sababu Kosta ya mwisho inaondoka nami sina moyo wa kukungoja. Utanisamehe kwa kuja. Ambakisye alinipa nauli, akanipa kikapu alichonunua mwenyewe sokoni, na nilipogeuka stendi alikuwa bado amesimama. Mama zangu wote ni wazima. Sasa soma umekaa.

Asubuhi tulikuwa shambani, mimi na Bibi Nesta, wengine wakichambua kahawa uani. Miti imezaa, Shangazi. Kuna matawi yameinama kama mtu anayesalimia. Gari likasimama njiani. Akashuka mpima ardhi na vyombo vyake, kijana wa kutoka mbali kwa namna alivyotamka jina la Mlowo, na nyuma yake wanaume wawili wenye bikoni za zege za kuwekea mipaka. Nesta akasema, "Hao hawakuja kunywa kahawa." Kisha nikasikia kikohozi.

Mwili wangu ulijua kabla ya akili. Nilivuta kitenge kichwani nikageukia mti. Naye hapo hapo akanyamaza, na nilipochungulia kupitia majani niliona kofia na mgongo. Alikuwa amesimama ukingoni mwa shamba kama mtu aliyefika mtoni akakuta daraja limebebwa.

Mpima akamwita aje amwoneshe kona ya kwanza. Akajibu, "Siwezi. Humo kuna mtu."

"Mtu gani, mzee? Naona bibi na dada mmoja wanachuma kahawa."

"Huyo huyo."

Mpima akasema basi dada atoke kidogo, kazi yenyewe ni fupi, ila hawezi kuweka bikoni kwa kubahatisha bila Mwenyekiti kumwonesha mipaka kwa mkono wake. Bibi Nesta ndiye aliyejibu. Akasema dada hatoki, ameshika kikapu cha kwanza, na kwenye shamba hili aliyeshika kikapu cha kwanza haondoki mpaka kijae. Ni utaratibu wa hapa tangu enzi za mzee Yesaya. "Lakini msijali," akasema, "binti ana mikono myepesi."

Shangazi, sijawahi kuchuma taratibu namna ile. Niliichagua punje moja moja kama mtu anayechagua pete. Nilihama mti hadi mti kwa kufuata mpaka, na kila nilipohamia, yule mzee upande wa pili alisogea mbali. Kikapu kilipokaribia kujaa nikakuta kimepungua. Kikajaa tena, kikapungua tena. Nilipogeuka ghafla nikamwona Bibi Nesta anahamishia kahawa kwenye kitenge chake, uso wake mtulivu kama yuko kanisani.

Jua likapanda. Mzee akakaa kwenye jiwe, mgongo kwetu. Nesta akampelekea uji, akasimama katikati yetu, na hapo ndipo mazungumzo yalipoanza, maana Nesta alifanywa mdomo wa watu wawili wanaosikiana vizuri kabisa.

"Mwambie mtu huyo jua ni kali, apumzike."

Nesta akaniambia. Nikasema, "Mwambie mzee namshukuru. Jua la hapa nimelizoea tangu utoto."

Akamwambia Nesta, "Muulize utoto wake ulifikaje hapa. Mshenga aliniambia ni binti wa Hasamba."

Nikajikuta nimeweka kikapu chini. Nilisema, "Mwambie Hasamba nilizaliwa tu. Hapa nililetwa nikiwa sijui kufunga viatu. Sare zangu za shule zimetoka kwenye miti hii, na wajane hawa ndio walionikalisha jikoni wakanifundisha jinsi ya kumtii mkwe. Heshima ninayomheshimu nayo leo, nimeipata kwenye shamba analotaka kulipima."

Bibi Nesta hakurudia. Hakukuwa na haja. Nikaongeza, kwa sauti ambayo sikujua kama itafika, "Mwambie najua habari za Tumpale. Zahanati hata mimi naitaka."

Alikaa na bakuli la uji mkononi mpaka likapoa. Akakohoa, si kile kikohozi cha kumwonya mtu. Kisha akasimama, mgongo bado kwetu, akamwambia mpima, "Kijana, funga vyombo vyako. Shamba nisiloweza kuingia, siwezi kulipima."

Gari lilipoondoka nilijaza kikapu kwa haraka huku nalia. Kipo pale mlangoni, ni cha nyumba. Sasa narudi Tunduma, kwa mwanaume ninayempenda mpaka nasahau chumvi kwenye mboga, kumweleza kwamba nimemkalisha baba yake kwenye jiwe mchana kutwa. Sijui kama nimelinda nyumba yako au nimevunja yangu.

Niombee,
Jenista

*

Shamba la Wajane, Mlowo
27 Julai 2025

Mwanangu Jenista,

Hujambo? Hujaandika tangu ile barua ya chini ya kopo, nami sikulaumu. Sisi ni wazima. Kahawa yako ya kikapu cha kwanza tuliikaanga siku niliporudi kutoka Mbeya. Mahakamani shauri lilikuwa limeahirishwa kwa sababu jaji alikuwa na safari, zuio halikusikilizwa, kwa hiyo nilirudi mikono mitupu nikijua hakuna kinachowazuia. Kumbe kilikuwepo, kimebeba kikapu.

Nikuambie kitu ambacho pengine hujakijua. Wiki moja baadaye mumeo alikuja hapa peke yake. Aliamkia kila mjane, akamwomba Nesta amwoneshe mstari wa miti uliokuwa unachuma siku ile. Akasimama pale kitambo. Kisha akaniambia kwamba nyumbani amekuwa kimya, na anajua wewe unadhani ni hasira. Si hasira. Ameona aibu kwamba mkewe amesema kwa mgongo wa mzee maneno ambayo yeye kama mwana alipaswa kuyasema kwa uso wake. Alitoka hapa akaenda moja kwa moja kwa baba yake. Aliyosema huko nayajua, lakini sikuambii. Akuambie mwenyewe.

Baada ya hapo Bodi ndiyo iliyoomba usuluhishi. Tulikaa Mbeya chumba kimoja, msuluhishi katikati. Mzee Andongwisye hakuanza na wakili. Aliniita mkwe. Nikamuuliza, mkwe, kwa nini hamkutuuliza? Akasema hakuna aliyemwambia kwamba wajane huulizwa. Nikamwambia ndiyo sababu tulikwenda mahakamani, na hata msuluhishi alicheka.

Tumekubaliana hivi. Shamba halikodishwi na kahawa haing'olewi. Wajane wawili wanaingia kwenye Bodi, na ardhi hii haitaguswa tena bila sisi kukubali kwenye mkutano wetu. Lakini ile sehemu ya juu yenye mawe, ambako kahawa imekataa tangu enzi za Yesaya, tumesema ijengwe zahanati. Sisi ndio tuliotamka, si wao. Mzee aliposikia akaomba maji ya kunywa. Kuhusu kahawa kuzeeka alisema kweli, nimeliandika hilo ili nisije nikajifanya sikulisikia. Wasichana wote waliolelewa hapa tumewaandikia waje msimu wa mvua kupanda miche mipya.

Makubaliano yanapelekwa kwa jaji mwezi wa tisa. Yakisainiwa yanakuwa amri ya mahakama.

Jambo la mwisho. Kwao, baba mkwe akitaka kumfungulia njia mkamwana humpa zawadi, na kuanzia siku hiyo wanasalimiana kama watu. Amenituma nikuulize kama utaipokea. Mimi nakuambia usipokee kabla jaji hajasaini. Namwamini, lakini mpaka siku hiyo wewe ndiye uzio wetu.

Shangazi yako,
Ketrina

*

Mtaa wa Sogea, Tunduma
14 Septemba 2025

Shangazi yangu, mdhamini wa wakfu,

Shikamoo kwa cheo kipya. Tumefika salama, na Ambakisye amelala hapa kwenye mkeka karibu na mguu wangu, mdomo wazi, mzuri kama siku ya kwanza. Ulikataa kuniambia alichosema kwa baba yake. Ameniambia. Nami nimeamua kukukatalia wewe, Shangazi. Hicho ni changu.

Bado nasikia masikioni sauti ya wakili Recho akitusomea ile amri yenye saini ya jaji, na Bibi Nesta akimsimamisha kila mara aulize kama neno hilo ni letu au ni lao. Mnastahili kufurahi mpaka Krismasi. Lakini juzi mlikuwa jikoni, wote mmejazana dirishani, mkaona migongo yetu tu. Acha nikuambie mlichokosa.

Nilikuwa mstari wa kwanza nachuma kikapu cha mwisho cha msimu. Nikasikia kikohozi. Miguu ikataka kukimbia, nikaikataza. Alikuwa amesimama pale pale ukingoni, karibu na jiwe lake, ameshika blanketi zito la kijivu, lile la baridi ya Ileje. Alinyoosha mikono, nikapiga magoti nikalipokea, na mila ikaisha hapo, kimya kimya, kama mlango unaofunguliwa na mtu asiyetaka kuamsha watoto.

Kisha nikainua macho. Shangazi, miezi yote hii nimemkimbia, nimemwogopa, nimemweka mchana kutwa juani, na kumbe ana macho ya Ambakisye. Yale yale, hata ile alama ndogo chini ya jicho la kushoto. Kama ningeyaona mapema sijui kama ningeweza kuchuma taratibu vile. Ashukuriwe Mungu kwamba sikuyaona.

Hakuvuka mpaka. Alisimama akatazama miti, akatazama kule juu kwenye mawe ambako yule kijana mpima alikuwa ameshachomeka vijiti vya zahanati. Akaniambia, na hili ndilo neno la kwanza alilowahi kunitamkia bila Bibi Nesta katikati, "Mwanangu, naweza kuingia?"

Nikamjibu, "Karibu, baba. Lakini kikapu changu bado."

Akavua kofia, akaitundika kwenye tawi, akaingia.

Anachuma vibaya sana, Shangazi. Anachanganya mbichi na mbivu. Nimemwambia Bibi Nesta, naye amesema mwakani atamfundisha, akija mapema na akiosha na vyombo.

Natotela, kwa kila kitu.

Mwanao na mkamwana wa watu,
Jenista